Mjerumani Bila Sare: Uhusika wa Hardy Krüger na Filamu ya Hatari! (1962)

Kasanga, bandari ya Ziwa Tanganyika inayofikiwa kwa barabara ishukayo kutoka Sumbawanga, kumbukumbu ya Mjerumani ni ya askari. Wakoloni waliiita Bismarckburg, wakajenga boma. Na meli ya Liemba iliyozoeleka na watu wa pwani ya Ufipa ilianza kazi kama Graf von Götzen, meli ya vita ya mwaka 1915. Vita vya ziwa hilo ndivyo vinavyotajwa kuwa chimbuko la riwaya ya C. S. Forester, The African Queen (1935). John Huston alipoitengenezea filamu mwaka 1951, nahodha wa Kijerumani aliigizwa na Mwingereza, Peter Bull. Sinema ya baada ya vita ilimhitaji Mjerumani, lakini ilitosha awe sare na lafudhi tu. Makala haya yanafafanua namna Hardy Krüger alivyojitafutia nafasi ndani ya mahitaji hayo, na kwa nini Tanganyika ina uzito katika safari yake.

Krüger alizaliwa Berlin mwaka 1928, akasomeshwa katika shule ya kuandaa viongozi wa Kinazi, akaigiza katika Junge Adler (1944) angali kijana, na mwaka 1945 akaingizwa vitani katika kikosi cha SS. Kwa maelezo yake mwenyewe, aliyemfungua macho kuhusu uovu wa utawala ule alikuwa mwigizaji mwenzake, Hans Söhnker. Sare, basi, kwake haikuwa vazi la jukwaani tu. Hata hivyo ndiyo iliyomfungulia mlango wa Uingereza: katika The One That Got Away (1957) aliigiza rubani Franz von Werra, mateka aliyewatoroka Waingereza, na watazamaji wa nchi iliyopigwa mabomu wakatakiwa kumwombea adui afike salama.

Hatari!, iliyoongozwa na Howard Hawks na kupigwa sehemu kubwa Tanganyika kabla ya uhuru, ilimvua sare hiyo. Kurt Müller ni dereva wa zamani wa magari ya mashindano anayekamata wanyama kwa ajili ya bustani za wanyama, chini ya kiongozi Mmarekani anayeigizwa na John Wayne. Uhusiano wake na Chips, Mfaransa anayeigizwa na Gérard Blain, huanza kwa ngumi na kuishia kwenye urafiki. Wote wawili wanampenda binti mmoja, na wote wawili wanamkosa. Ni mzaha, bila shaka, lakini ni mzaha unaopatanisha mataifa mawili yaliyopigana miaka michache tu nyuma, na upatanisho huo unafanyika kwenye nyika ya Arusha.

Upatanisho huo una gharama yake, na hapa sikubaliani na wanaoitazama filamu hii kama burudani isiyo na madhara. Mjerumani amepandishwa kutoka mhusika bapa hadi mtu mwenye hasira, aibu na utani; Mwafrika, ambaye lugha yake imetoa jina la filamu, amebaki mandhari. Warusha wanapewa sherehe ya kuchekesha ya kumwita mpigapicha Mwitaliano Mama Tembo. Wanaoendesha kazi ya kambi hawana historia wala mgogoro wao. Filamu ilipotoka mwaka 1962, Tanganyika ilikuwa tayari huru.

Krüger mwenyewe hakuondoka na kamera. Alinunua ardhi Momella, chini ya Mlima Meru, akaishi huko kwa miaka kadhaa na kuandika Eine Farm in Afrika (1970). Katika kipindi hicho aliigiza pia The Flight of the Phoenix (1965), ambamo mhusika aliyekuwa Mwingereza riwayani aligeuzwa kuwa Mjerumani, Heinrich Dorfmann, msanifu wa ndege za mfano anayewaokoa wenzake jangwani. Lakini sare ilirudi: ofisa wa Prussia katika Barry Lyndon (1975), kisha jenerali wa SS katika A Bridge Too Far (1977).