Utangulizi: Nchi Zisizo Kwenye Ramani

Somo unaloliingia ni la nchi za kubuni: nchi zenye mfalme, mahakama, soko na jela, ila ukizitafuta kwenye atlasi huzioni. Wapo wanaozidharau wakidhani ni mambo ya paukwa pakawa. Mimi nasema zina desturi zake na sheria zake, na mgeni mwenye adabu huingia kwa mlango. Mlango wa nchi ya kubuni ni jina lake.

Mwaka 1516 Mwingereza Thomas More aliandika kwa Kilatini habari za kisiwa alichokiita Utopia. Jina hilo alilitunga kwa maneno ya Kigiriki, na maana yake ni mahali pasipokuwapo. Mwaka 1872 mwenzake Samuel Butler akaiita nchi yake Erewhon. Hapo alichukua neno la Kiingereza lenye maana ya kutokuwa popote, akalipindua herufi zake. Wote wawili wanakuonya ukiwa bado mlangoni kwamba uendako hakuna.

Sasa njoo Tanga, kwao mwandishi Shaaban Robert. Mwaka 1951 kilitoka kitabu chake kuhusu nchi iliyo angani, nayo inaitwa Kusadikika. Lisikilize jina hilo polepole. Kutoka kusadiki tumepata kusadikika, kauli ile ile ya njia inayopitika na mzigo unaobebeka. Kauli hii haidai kwamba mtu amekwisha kupita au kubeba. Inasema tu kwamba jambo hilo lina uwezekano. Basi mwandishi hakuikana nchi yake wala hakukuapia kwamba ipo. Alisema inaweza kusadikiwa, kazi iliyobaki akakuachia wewe.

Tazama pia hiyo ku- ya mwanzo. Tunasema “kusoma kwake kunapendeza”, tena tunasema “nyumbani kwake kunapendeza”. Kitenzi na mahali vimevaa upatanisho mmoja. Mswahili hahitaji kuazima Kigiriki ili ageuze tendo kuwa nchi, maana sarufi yake imeshamtengenezea njia. Ndiyo sababu Kufikirika, riwaya nyingine ya Shaaban Robert iliyochapishwa mwaka 1967 baada ya mwandishi kufariki mwaka 1962, haikutusumbua masikioni. Ni nchi kwa jina, na ni kazi ya akili kwa jina hilo hilo.

Ukishapita mlangoni, uliza mipaka. Kusadikika, kwa kuwa iko angani, imepakana na pepo. Mtu wa pwani hahitaji kuelezwa uzito wa jambo hilo, maana kaskazi na kusi ndizo zilizoleta majahazi na kuyarudisha kwao. Upepo haujengewi ukuta. Lakini ndani ya nchi hii ya mipaka ya hewa, Karama anashitakiwa kwa kutaka kufundisha elimu ya sheria, na anayemshitaki ni Waziri Majivuno. Badala ya kuomba msamaha, Karama anasimulia mahakamani visa vya wajumbe sita waliotumwa kila upande, hata mbinguni na ardhini. Kila mmoja alirudi na jambo la kuifaa nchi, na kila mmoja malipo yake yakawa kifungo.

Kumbuka kwamba aliyeandika haya alifanya kazi ya ukarani wa forodha kwa miaka mingi. Mimi huvisoma visa vile kama visa vya forodhani: shehena ni maarifa, nao wakubwa wanaikamata kabla haijateremshwa. Hiyo ni tafsiri yangu; ipime kwa mizani yako.

Wanafunzi hupenda kuuliza: je, Kusadikika si Tanganyika chini ya Waingereza? Swali ni la haki, kwani kitabu kiliandikwa wakati huo, na mafumbo ni ngao ya zamani ya mnyonge. Ila usiishie hapo. Kama nchi ya kubuni ni kinyago tu, ukishakivua umemaliza kitabu. Mbona Waingereza waliondoka na Waziri Majivuno bado tunamtambua kila tunapokutana naye?

Waliofuata waliutumia mlango huo huo kwa namna zao. Katama Mkangi wa Kenya, ambaye aliwahi kuwekwa kizuizini katika miaka ya 1980, alitoa riwaya ya Walenisi mwaka 1995. Mhusika wake, Dzombo, anatoka kwenye udhalimu na kujikuta kwenye nchi ya haki na usawa. Likate jina la Walenisi vipande: wale ni sisi. Katika tamthilia ya Kigogo, Pauline Kea anatupeleka Sagamoyo, ambako soko linafungwa na raia wanabaki kuhangaika. Sikio linalikumbuka jina la Bagamoyo, lakini hapa moyo haubwagwi bali unasagwa.

Unaona mwelekeo? Utopia inakuambia nchi haipo. Majina yetu yanakugeukia wewe: unasadiki? unafikiri? wale ni nani? moyo wako ukoje? Ndiyo maana kurasa zinazofuata hazitakutaka ukariri majina ya wafalme. Kwa kila nchi tutakayoizuru, kwanza tutalikata jina lake, kisha tutauliza imepakana na nini, nani amefungwa humo, na alikuwa amekuja na nini mkononi.

Swali hilo la mwisho lishike vizuri, maana nawe utarudi kutoka safari hii. Wajumbe wale sita hawakufungwa kwa kwenda. Walifungwa kwa kile walichorudi nacho.