Tabibu wa Saratani Aliyekabidhiwa Chuo

Ziwa Victoria, ambalo wakazi wa Mwanza hulijua kwa samaki wake na kwa meli zipakiazo mizigo kwenda Port Bell, matabibu hulijua pia kwa maradhi yake, kwa kuwa katika nchi za joto na mvua zinazolizunguka, tangu Sengerema, Ukerewe na Mara mpaka Kisumu na Kampala, ndiko inakoonekana kwa wingi saratani ya watoto iitwayo limfoma ya Burkitt. Aghalabu mama huona kwanza jino la mwanawe linalegea kabla ya wakati wake, kisha taya linavimba, na baada ya majuma machache uso wa mtoto haufanani tena na ule aliouzoea. Denis Burkitt, mpasuaji wa hospitali ya Mulago, aliueleza uvimbe huo mwaka 1958. Mwaka 1964, katika vipande vilivyopelekwa London kutoka Kampala, kikagunduliwa kirusi kinachofungamana nao. Na kwa kuwa malaria nayo ilishukiwa, watoto wetu wa North Mara waligawiwa klorokwini kati ya 1977 na 1982 ili ijulikane kama kuizuia homa kungeipunguza saratani. Saratani ilipungua kweli, lakini ilikuwa imekwisha kuanza kupungua kabla dawa haijagawiwa, na wataalamu hawakuweza kutoa hukumu ya yakini.

Habari hizi zinaposimuliwa, hutajwa zaidi majina ya wageni, nao wanastahiki heshima yao. Hata hivyo liko jina jingine ambalo ningependa kila msomaji wa Kanda ya Ziwa alijue, nalo ni la Profesa Charles Olweny wa Uganda, aliyeanza na watoto hao wa taya zilizovimba na hatimaye akakabidhiwa chuo kikuu.

Taasisi ya Saratani ya Uganda ilianzishwa Mulago mwaka 1967, kwa ushirikiano wa Makerere na Taasisi ya Taifa ya Saratani ya Marekani, na mkurugenzi wake wa kwanza, John Ziegler, alikuwa kijana asiyefika hata miaka thelathini. Dawa yao kuu ilikuwa siklofosfamidi, na walioishuhudia ikifanya kazi waliona jambo ambalo katika saratani ni nadra mno: uvimbe uliomzuia mtoto kula ulianza kuyeyuka katika muda wa siku chache, hata ikawalazimu matabibu kuzilinda figo zake dhidi ya taka za uvimbe wenyewe uliokuwa ukifa. Kwa kazi hiyo Ziegler alipata tuzo ya Lasker mwaka 1972. Mwaka huohuo Idi Amin alitangaza kuwafukuza Waasia, wataalamu wa kigeni wakaondoka mmoja baada ya mwingine, Ziegler akiwa miongoni mwao, na hatamu za taasisi zikaangukia mikononi mwa Olweny, ambaye naye alikuwa angali kijana.

Kwa maoni yangu, uongozi wake ulianza hapo, miaka mingi kabla hajavaa joho la makamu mkuu wa chuo. Fikiri, msomaji, ni kazi ya namna gani kuiendesha wodi ya saratani katika nchi ambayo fedha yake inaporomoka, dawa zake zinatoka ng'ambo, na watu wake wanatoweka usiku. Pamoja na hayo utafiti haukukoma. Mwaka 1975 Olweny na wenzake, akiwamo mpasuaji mashuhuri Sebastian Kyalwazi, walichapisha katika jarida la Cancer habari za kutibu saratani ya ini kwa dawa ya adriamaisini, jambo ambalo lilikuwa geni ulimwenguni wakati ule. Na mwaka 1980, mwaka mmoja tu baada ya majeshi ya Tanzania kuingia Kampala na utawala wa Amin kuanguka, yeye na wenzake walitoa maelezo ya maisha ya wagonjwa wa Burkitt waliotibiwa Uganda kwa muda wa miaka mingi.

Makala hiyo ya 1980 naistahi kuliko nyingine zake. Maandishi ya namna hiyo hayapatikani kwa werevu wa maabara peke yake. Hupatikana kwa watumishi kupanda gari wakaenda vijijini kumuuliza mzazi kama mwanawe angali hai, na kwa daftari ambalo halikupotea wala kuchomwa. Katika zama ambazo mambo mengi ya Uganda yalipotea, daftari hilo lilitunzwa.

Katika miaka ya mwanzo ya themanini Olweny aliondoka nchini mwake, akafanya kazi ugenini, Australia na baadaye Canada, alikofundisha katika Chuo Kikuu cha Manitoba. Wako watakaosema kwamba Afrika ilimpoteza, nami sikanushi kwamba Mulago ilibaki na upungufu mkubwa, hata mrithi wake, Edward Katongole-Mbidde, akaubeba mzigo huo karibu peke yake wakati ukimwi ulipoleta wimbi jipya la saratani ya Kaposi. Lakini huko ugenini Olweny aliandika, mwaka 1994, juu ya maadili ya utabibu katika nchi ambazo uhaba ndio hali ya kila siku, na mtu asingeweza kuyaandika hayo kama hangekuwa amesimama mbele ya kabati la dawa lililokuwa tupu.

Mwaka 2006 alirejea, akawa Makamu Mkuu wa Chuo Kikuu cha Mashahidi wa Uganda, chuo cha maaskofu Wakatoliki kilichoanzishwa mwaka 1993 huko Nkozi, kwenye barabara ya Masaka, jirani na ikweta. Katika zama zake chuo hicho kilianza kufundisha madaktari bingwa katika hospitali ya Nsambya, na hapo naliona lile jambo la 1972 likitendeka upya: mtu aliyeachiwa wodi isiyo na wataalamu akijishughulisha na kuwapata wataalamu.

Sisi wa Mwanza tunayo sababu ya kuyazingatia haya. Juu ya kilima cha Bugando imesimama hospitali iliyofunguliwa mwaka 1971, na kando yake chuo cha tiba kilichoanza mwaka 2003, navyo ni vya maaskofu vilevile. Mwaka 2013 watafiti wa hapo walichapisha uchunguzi wa wagonjwa 185 wa saratani ya kibofu kutoka kanda hii. Zaidi ya nusu walikuwa na aina ile inayofuatana na kichocho, na katika vipande vya wengi yalionekana mayai ya minyoo ya kichocho tunayoipata majini. Uchunguzi huo ulitegemea kumbukumbu za miaka iliyotangulia, na ungeshindikana kama asingekuwapo mtu wa kuzihifadhi.

Lakini daftari la hospitali hukomea mlangoni. Mtoto wa Ukerewe anayetibiwa Bugando akapata nafuu baada ya dawa za mwanzo, huvuka maji kurudi kwao, na mzazi akikosa nauli ya kumrejesha, tiba hukatika na uvimbe ukapata nafasi ya kurudi. Ndiyo maana nawaomba wanaopanga matumizi ya hospitali na vyuo vyetu kwamba, pamoja na fedha za majengo, watenge za mafuta ya gari na za nauli ya kivuko, na waajiri watu ambao kazi yao itakuwa kwenda Ukerewe, Kome na Ukara kumuulizia mtoto huyo kwa jina lake.