Kalenda ya Mara iliyohesabu mvua, viwavi na vizazi

JINA linalojulikana kuliko yote nchini Tanzania ni kumbukumbu ya mwaka. Nyerere Burito, mtemi wa Wazanaki na baba mzazi wa Mwalimu Julius Nyerere, alizaliwa yapata mwaka 1860, wakati viwavi walipoyavamia mashamba. Kwa Kizanaki, viwavi hao huitwa nyerere. Mwanawe alipozaliwa Butiama Aprili 1922, msimu wa mvua, alipewa jina la Kambarage, pepo wa mvua. Baba na mwana, kila mmoja alibeba jina la msimu wake, bila tarakimu hata moja.

Nyamuswa, wilayani Bunda, si mbali na Butiama. Hiyo ni nchi ya Waikizu, ambao simulizi yao ya utawala huanza na mwanamke, Nyakinywa, aliyekuwa na elimu ya mvua. Watemi waliomfuata walitarajiwa kuileta mvua hiyo, na walihukumiwa kwayo. Utemi kama mamlaka ya kiserikali ulifutwa nchini mwaka 1963, lakini hesabu ya wakati iliyofungamana na mvua haikufutwa kwa sheria.

Kalenda ya aina hii haina Januari wala Desemba. Mwaka hupata jina pale tu jambo kubwa linapotokea: njaa, nzige, ugonjwa wa mifugo, vita. Mwaka uliopita kwa amani hauna jina lake wenyewe. Huwekwa mahali pake kwa kutaja jirani yake, kwamba ulikuwa wa pili baada ya njaa fulani. Mwenye kuhesabu hana budi kuwa na kumbukumbu, maana hakuna ukuta wa kuning'iniza karatasi.

Kaskazini zaidi, Wakurya wana kipimo kirefu kuliko hicho. Kila mtu huzaliwa ndani ya kizazi chenye jina, na majina hayo yamegawanyika katika mizunguko miwili. Mmoja ni wa Saai, Nyambureti, Gamunyere na Maina. Mwingine ni wa Chuuma, Mairabe, Gini na Nyangi. Mtoto wa Saai ni Nyambureti, mjukuu ni Gamunyere, kitukuu ni Maina, na mtoto wa Maina hurudi kuwa Saai. Kwa hiyo jina la kizazi halisemi mtu ana miaka mingapi. Husema amesimama wapi mbele ya wengine, hata kijana wa miaka 20 akaweza kuheshimiwa kama baba na mtu aliyemzidi umri.

Anayeziona kalenda hizi kuwa za kubahatisha akumbuke kuwa hata ile iliyoko ofisini imebuniwa na watu. Papa Gregori wa 13 alipoirekebisha mwaka 1582, siku iliyofuata Oktoba 4 ikawa Oktoba 15. Mwandishi Mwingereza J.R.R. Tolkien, alipowabunia viumbe wake wa hadithi kalenda, aliwapa miezi 12 ya siku 30 na kuziacha siku zilizobaki nje ya miezi. Waethiopia nao wana miezi 12 ya siku 30, na siku zao tano au sita za ziada wamezifanya mwezi wa 13, na hiyo si hadithi.

Tatizo huanza pale kalenda moja inapotakiwa kuzungumza na nyingine. Sera ya Taifa ya Wazee ya mwaka 2003 inamtambua mzee kuwa ni mwenye miaka 60 na kuendelea, na matibabu bila malipo yamefungwa kwenye umri huo. Zanzibar ilianzisha Pensheni Jamii mwaka 2016 kwa waliofikisha miaka 70. Dirishani huulizwa tarehe, si mvua.

Makarani wa sensa wanalijua tatizo hili, na ndiyo maana hutumia orodha ya matukio ili kukadiria umri wa mtu asiyejua mwaka wake. Orodha hiyo nayo ina mitego. Mvua kubwa zilizonyesha wakati wa uhuru zilianza mwishoni mwa mwaka 1961 na kuvuka mwaka. Ziwa Victoria likapanda zaidi ya mita mbili kufikia 1964. Anayesema alizaliwa "wakati wa mafuriko" anaweza kupata au kupoteza miaka miwili kwa kalamu ya karani mwenye haraka. Nzige ni wabaya zaidi, kwani hawakuja mara moja.

Karani mwenye subira huuliza kwa njia nyingine. Bibi asiyejua mwaka wake akiulizwa umri, atanyamaza. Akiulizwa uhuru ulimkuta akifanya nini, atasema alikuwa akichunga mbuzi. Basi alikuwa na miaka saba au minane. Akiulizwa Operesheni Vijiji, iliyofika Mara mwaka 1974, ilimkuta na watoto wangapi, atajibu wawili, wa pili akiwa mgongoni. Majibu hayo mawili yanakutana karibu na mwaka 1953. Linabaki swali la tatu, ambalo ndilo gumu zaidi kila mwaka unaopita: je, yuko hai yeyote aliyechunga naye mbuzi hao?