Dawa ya Kifafa Haikatizwi Ghafla

Katika nyumba zetu nyingi za pwani, dawa ya kifafa huanzwa kwa bidii na huachwa kimya kimya. Wiki za mwanzo kila mtu humkumbusha mgonjwa vidonge vyake. Miezi ikipita bila ya kuanguka, shukrani hujaa nyumbani, na pamoja na shukrani hizo huingia wazo: si amekwisha kupona, vidonge ni vya nini tena? Pakiti huwekwa juu ya kabati, na siku chache baadaye mgonjwa huanguka vibaya kuliko alivyopata kuanguka.

Wiki hii tunazungumza na wasomaji wetu, hasa kina mama ambao ndio walinzi wa dawa majumbani, juu ya jambo hili moja. Kuacha dawa ya kifafa kuna njia yake, na kuikatiza ghafla kunaweza kuondoa uhai.

Maradhi yenyewe

Kifafa ni maradhi ya ubongo. Seli za ubongo huwasiliana kwa umeme mdogo mno, na umeme huo unapolipuka bila ya mpango, mtu huanguka, hukakamaa na kutukutika, au huduwaa tu kwa sekunde chache. Shirika la Afya Duniani lakadiria kuwa watu wapatao milioni 50 duniani wana kifafa, na kwamba hadi 70 katika kila 100 wangeweza kuishi bila ya kuanguka lau wangepata matibabu yanayofaa. Hapa kwetu, watafiti wa KEMRI mjini Kilifi wamekichunguza kifafa vijijini kwa miaka mingi, na wameona kuwa wagonjwa wengi hawako kwenye dawa kabisa au hawazitumii ipasavyo.

Ni muhimu ieleweke kuwa dawa hizi huzuia mtukutiko, haziung'oi ugonjwa. Mgonjwa asiyeanguka kwa mwaka mzima huenda haanguki kwa sababu anakunywa dawa.

Kwa nini ubongo hugutuka

Fenobabitoni, ambayo imetumika kutibu kifafa tangu mwaka 1912, hufanya kazi kwa kuutuliza ubongo. Ubongo nao huizoea hali hiyo na kujipanga upya. Mfano wake ni watu wawili wanaosukumana, mmoja ndani ya mlango na mwingine nje. Maadamu wote wawili wanasukuma, mlango hautikisiki. Akiondoka mmoja ghafla, mwenziwe huingia kwa kishindo na kuanguka kifudifudi. Ndivyo ubongo unavyokuwa dawa inapokatizwa.

Dalili zake ni kukosa usingizi, wasiwasi, mikono kutetemeka, jasho, moyo kwenda mbio, kichefuchefu, na wakati mwingine kuona au kusikia visivyokuwapo. Nyumba isiyojua hudhani kuwa jini limerudi, kumbe ni kidonge kilichokosekana. Kubwa zaidi ni mtukutiko kurudi mfululizo, mmoja juu ya mwingine, bila ya mgonjwa kurejewa na fahamu. Hali hiyo huweza kuuharibu ubongo au kuua.

Hatari hii haiwahusu wenye kifafa peke yao. Pregabalini na gabapentini hupewa wazee wetu wenye kisukari kwa maumivu ya mishipa ya fahamu. Kabamazepini na valproeti hupewa pia baadhi ya wenye maradhi ya akili. Nao wasiziache kwa siku moja.

Mwezi wa Ramadhani

Wengi huziacha dawa mwezi wa Ramadhani kwa nia njema. Twawaomba wamwone daktari mapema, ndani ya Shaabani. Fenobabitoni hukaa mwilini kwa siku kadhaa na kwa kawaida hunywewa mara moja, usiku. Mwenye kuitumia huenda asihitaji kubadilisha saa. Kabamazepini na valproeti aghalabu hunywewa mara mbili au zaidi kwa siku, na daktari anaweza kumpa mgonjwa aina inayoyeyuka taratibu, ili anywe wakati wa kufuturu na wakati wa daku. Asijipangie mwenyewe. Akumbuke pia kuwa kukesha ni miongoni mwa mambo yanayoamsha kifafa; apate usingizi wa kutosha.

Daktari akisema kuwa saumu itamdhuru, basi aya ya 184 na ya 185 za Surat al-Baqara zimempa mgonjwa ruhusa ya kula. Kama atalipa siku hizo baadaye au atatoa fidya, hilo amwulize shehe anayemwamini.

Mama mjamzito na anayetaka kuzaa

Valproeti ina madhara makubwa kwa mtoto aliye tumboni. Katika kila watoto 100 waliokuwa tumboni mama zao wakiitumia, wapatao 10 huzaliwa na kasoro za mwili, na kati ya 30 na 40 huchelewa kukua kiakili. Ndiyo maana wasichana na wanawake wanaoweza kushika mimba hushauriwa wapewe dawa nyingine. Lakini mama aliyekwisha kushika mimba asiitupe dawa kwa hofu. Mtukutiko mkali humdhuru yeye na mtoto wake. Aende kliniki upesi, huku akiendelea kunywa, ili daktari apange mabadiliko. Iliyo bora ni kumwona daktari kabla ya mimba, naye atamwongeza vidonge vya foliki asidi. Siku ya kujifungua amwambie mkunga dawa anayotumia, kwani mtoto mchanga naye huweza kutetemeka na kulialia dawa inapomtoka mwilini, na huhitaji kuangaliwa.

Kisomo na kidonge havigombani

Baadhi ya familia huambiwa waache dawa ili kisomo au kombe lifanye kazi. Mtume s.a.w. alitufundisha kutafuta tiba. Na katika Hadithi iliyo katika Bukhari na Muslim, mwanamke aliyekuwa akianguka na kufunukwa nguo alimjia kumshtakia hali yake. Hakumfukuza wala hakumwaibisha. Alimhiari baina ya subira yenye malipo ya Pepo na kuombewa afya. Mama yule alichagua subira, akaomba tu asifunukwe, naye Mtume akamwombea. Basi mwenye kusoma na asome, mwenye kuomba na aombe, na kidonge kinywewe kwa saa yake.

Namna ya kuacha kwa usalama

Kuacha kunawezekana kwa wengi. Kwa kawaida daktari hulifikiria baada ya mgonjwa kupitisha walau miaka miwili bila ya kuanguka. Dozi hupunguzwa kidogo kidogo kwa miezi, na kama dawa ni mbili, huanzwa moja kwanza. Katika kipindi hicho mgonjwa asiendeshe gari wala pikipiki, asipande mnazi, asiogelee baharini wala kuteka maji kisimani akiwa peke yake, na asiachwe peke yake mbele ya moto wa jikoni.

Nyumbani tuhesabu vidonge, na vikibaki vya wiki moja twende kuchukua vingine, hasa kabla ya safari na sikukuu. Dozi ikisahaulika inywewe mara ikumbukwapo. Ikiwa saa ya dozi inayofuata imekaribia, isinywewe maradufu. Upele ukitokea baada ya kuanza dawa, hasa wenye malengelenge au vidonda vya mdomo, twende hospitali siku hiyo hiyo. Hapo daktari huweza kuisimamisha mara moja na kutoa nyingine badala yake.

Mgonjwa akianguka, tumlaze ubavu, tumwondolee vitu vya kumuumiza, tusimtie kijiko wala kitu chochote kinywani, tusimshike kwa nguvu, na tutazame saa. Ukipita muda wa dakika tano, au mtukutiko ukirudi kabla hajazindukana, apelekwe hospitali bila ya kungoja.

Twamwomba Mwenyezi Mungu awape wagonjwa wetu shifaa, na awape subira wanaowauguza. Amin.