Jani la Zambarau ni Kijani

Msimu wa zambarau, mtoto aliyekwea mti wa watu hana pa kujificha. Atafuta mdomo, atanawa mikono, hata ataapa. Akiambiwa "Hebu toa ulimi," kesi imekwisha. Ulimi umeshika rangi ya tunda, na haitoki kwa maji. Waswahili waliitazama rangi hiyo, wakaona hakuna haja ya kuihangaikia jina: wakaiita zambarau. Ndivyo walivyofanya kwa kahawia na kahawa, kijivu na majivu, manjano na ile bizari ya jina hilohilo.

Na kijani kimetoka kwenye jani. Hapo lugha imejitega yenyewe, maana yako majani ambayo ukiyatazama hayana kijani hata chembe. Nenda kwenye vitalu vya maua kando ya barabara utaona mmea mmoja unaotambaa, shina nono, majani marefu yaliyochongoka, zambarau iliyoiva kuanzia kwenye kikonyo hadi kwenye ncha. Kitaalamu ni Tradescantia pallida, na asili yake ni mashariki ya Mexico. Ni jamaa wa kongwa, lile gugu la maua ya buluu ambalo ukiling'oa na kulitupa kando, linaota palepale lilipoangukia. Nilimuuliza muuza miche jina la mmea huo. "Hii? Zambarau tu hii, bosi. Buku mbili."

Nilinunua mmoja, nikaupeleka jikoni badala ya bustanini. Nikachuma majani matano, nikayaosha, nikayatosa kwenye sufuria ndogo ya maji yanayochemka. Mwanzoni hakikutokea kitu. Kisha kingo za majani zikaanza kufifia, na maji yakashika wekundu hafifu, kama ya kusuuzia bilauri ya sharubati. Dakika chache baadaye niliyaopoa kwa uma. Yalikuwa kijani. Kijani hasa, cha mchicha uliopikwa. (Mtakaojaribu, msiyale, utomvu wa mmea huu huwasha baadhi ya watu.)

Kumbe kijani kilikuwemo siku zote. Ndani ya kila seli ya jani mna kifuko cha maji, na rangi ya zambarau huishi humo ikiwa imeyeyuka kama sukari kwenye chai. Umbijani, ile rangi ya kijani inayonasa mwanga wa jua ili mmea ujitengenezee chakula, unakaa kwenye vijumba vyake vingine na hauyeyuki katika maji. Moto ulipopasua vifuko, rangi ya kwanza ilikimbilia kwenye sufuria, ya pili ikabaki nyumbani. Ule weusi-weusi wa jani la zambarau ni rangi mbili zilizolaliana, na chini yake usanisinuru, ile kazi ya kujitengenezea chakula, unaendelea kama kwenye jani lolote. Mmea huohuo ukiuhamishia kivulini, majani yake huanza kurudia ukijani bila kuchemshwa na mtu.

Rangi hiyo iliyokimbia inaitwa anthosayanini, jina lililobuniwa mwaka 1835 na Mjerumani Ludwig Clamor Marquart kwa kuunga maneno mawili ya Kigiriki, ua na buluu. Iko kwenye zambarau lenyewe, kwenye ganda la biringanya, kwenye kabichi nyekundu na kwenye choya. Ina tabia ya kinyonga: penye ukali wa ndimu huwa nyekundu, penye magadi hukimbilia buluu na ukijani. Chukua sharubati ya choya isiyo na sukari, imimine kwenye bilauri mbili, moja uitie magadi soda kidogo kwa ncha ya kijiko. Itatoa povu, kisha ule wekundu utageuka mbele ya macho yako. Mkemia Richard Willstätter, aliyepata Tuzo ya Nobel mwaka 1915 kwa kazi yake juu ya rangi za mimea, aligundua kwamba waridi jekundu na ua moja la buluu la mashamba ya ngano ya Ulaya vina rangi ya aina moja. Kinachotofautiana ni hali ya mahali rangi hiyo ilipo ndani ya ua.

Sasa, mmea unaihangaikia ya nini? Jibu lipo juu ya kila mwembe. Mwembe unapochipua, majani yake machanga hutoka yakiwa yamelegea, laini kama kitambaa kilicholowa, na rangi yake ni damu ya mzee. Mdalasini wa Unguja hufanya hivyohivyo. Watu wengi hudhani majani hayo yameungua au yana ugonjwa. La. Jani changa bado halijajua kazi; mitambo yake ya kutumia mwanga haijakamilika, ilhali jua la saa saba halingoji mtu akomae. Mwanga ukizidi uwezo wa jani, nguvu iliyosalia huzaa aina za oksijeni kali zinazokula seli kutoka ndani. Anthosayanini hukaa mbele ikakinga sehemu ya mwanga huo. Ni mwavuli wa kukodi: jani likikomaa, mti unauondoa, na jani linabaki kijani.

Wapo wanasayansi wanaosema kuna zaidi ya mwavuli, kwamba rangi nyeusi hulificha jani machoni mwa wadudu walaji au huwaonya kuwa mlo huu si mtamu. Bado wanavutana. Mimi naona mwavuli unatosha kuueleza mwembe, na wa wadudu waendelee kupewa muda.

Wakenya wameigeuza tabia hii ya majani machanga kuwa biashara. Mwaka 2011 taasisi ya utafiti wa chai iliyoko Kericho iliwakabidhi wakulima aina mpya, TRFK 306, baada ya kuifanyia kazi kwa zaidi ya miongo miwili. Machipukizi yake ni ya zambarau, na mchumaji huchuma yale machanga, yaani anavuna mwavuli ukiwa bado umefunguliwa. Ila ukiyasindika kama majani ya kawaida, kwa kuyasaga na kuyaacha yashike wekundu wa hewa, anthosayanini nyingi huharibika njiani. Kwa hiyo kinywaji chenye rangi yake hutokana na majani yaliyokaushwa bila kuachwa yaive hewani. Kidondoshee ndimu, kikombe kinakuwa pinki. Kukitia maziwa ni kukitafutia ubaya, na hapo ndipo mimi na chai ya zambarau tunapoachana.

Msomaji mwenye bustani ya mboga ataniuliza kuhusu mchicha mwekundu. Na bitiruti. Na bogenvilia la ukutani. Jicho linasema ni rangi ileile, lakini jicho limedanganyika. Mimea hiyo hutumia rangi nyingine kabisa, betalaini, ambayo hata muundo wake ni tofauti kwa kuwa umebeba naitrojeni, na anthosayanini haina. Maji ya bitiruti ukiyatilia ndimu hayashtuki. Cha kushangaza zaidi, haujapatikana bado mmea wa porini wenye rangi zote mbili; ukiwa na hii, ile hauna. Ni kama koo mbili zilizokatazana kuoana, na kila moja ikabuni zambarau yake kivyake.

Kwenye ua, rangi hiyohiyo ya anthosayanini hubadili kazi. Jani linajikinga, ua linaita wageni. Kwenye miamba yenye unyevu ya milima ya Usambara kuna mmea mdogo wa majani yenye manyoya na maua ya urujuani, unaojulikana Ulaya kuliko Korogwe. Mwaka 1892 ofisa wa kikoloni wa Kijerumani, Walter von Saint Paul-Illaire, aliutuma kwao. Mwaka uliofuata mtaalamu wa mimea Hermann Wendland akaupa jina la familia ya ofisa huyo, Saintpaulia. Leo vizazi vyake vimejaa madirishani mwa nyumba za Ulaya na Marekani, wakati ndugu zao wa porini wanapungua kila msitu unapokatwa. Hata jina la ofisa wataalamu wameliondoa: tangu 2015 mmea huo umeunganishwa na jamii ya Streptocarpus. Sikitiko langu haliko kwenye jina, liko kwenye msitu.

Nimeacha shamba la mahindi mwisho kwa sababu huko zambarau si urembo. Ukipita kwenye mahindi ya wiki tatu hivi ukakuta majani ya chini yameshika zambarau kuanzia nchani na kufuata kingo, na shina nalo limeiva rangi hiyo, mara nyingi mmea umekosa fosforasi. Ukuaji umepungua, sukari iliyotengenezwa na jani haina pa kwenda, inalundikana, na sehemu yake inaishia kuwa anthosayanini. Si kila zambarau ni njaa. Baridi ya nyanda za juu huleta hali hiyo kwa siku kadhaa, na zipo mbegu zilizozaliwa na shina la zambarau. Kinachotofautisha ni kimo. Mahindi ya zambarau yaliyonyooka na kuwapita wenzao hayana neno. Yaliyodumaa ndiyo ya kuitiwa bwana shamba aje apime udongo, hasa udongo wenye asidi nyingi, ambao huishikilia fosforasi hata ikiwepo mizizi isiipate.

Wengi hukimbilia kumwaga mbolea ya kukuzia pembeni ya shina. Haisaidii sana. Mbolea hiyo kwa kawaida ni ya naitrojeni, na fosforasi yenyewe haitembei udongoni kama naitrojeni. Hukaa palepale ilipowekwa, na mizizi ndiyo huifuata. Ndiyo maana huwekwa shimoni siku ya kupanda, chini kidogo ya mbegu. Jani likishakuonyesha zambarau, siku hiyo imepita, na dawa yake ni ya msimu ujao.