Thailand Isiyoonekana Kupitia Dirisha la Basi

Ng'ambo ya magharibi ya mto Chao Phraya, jijini Bangkok, umesimama mnara mweupe wenye umbo la kengele. Ni mnara wa hekalu la Wat Prayun, lililoanza kujengwa mwaka 1828. Aliyelijenga ni Dit Bunnag, waziri mwenye nguvu katika ufalme wa Siam, jina la zamani la Thailand. Dit alikuwa Mbudha. Lakini ukoo wake unaanzia kwa Sheikh Ahmad, mfanyabiashara Mwislamu wa Qom, Iran, aliyehamia Siam mwanzoni mwa karne ya 17, akatajirika, akaingia katika baraza la mfalme na kuwa mtu wa kwanza kushika wadhifa wa Chularatchamontri, yaani kiongozi wa Waislamu wa nchi hiyo. Wadhifa huo upo mpaka leo, na kaburi la Sheikh linazuriwa katika mji wa Ayutthaya.

Mtalii anayepita mtoni kwa boti kubwa huupiga picha mnara huo, basi, akaendelea na safari. Yule anayefika kwa miguu, akiwa katika kundi la watu wanane au kumi pamoja na mwongozaji anayezifahamu koo za mtaa, husimuliwa habari za Sheikh na mzao wake aliyejenga hekalu, kisha huonyeshwa msikiti na kanisa vilivyo umbali wa kutembea. Hapo ndipo ziara ya kundi dogo inapolipa. Urithi wa Thailand umerundikana tabaka juu ya tabaka, na tabaka zilizo tamu zaidi zimejificha ndani ya vichochoro visivyopitika kwa basi.

Hii haina maana kwamba vivutio vikubwa havifai. Kasri Kuu la Bangkok, lililoanza kujengwa mwaka 1782 Mfalme Rama wa Kwanza alipohamishia makao yake upande wa mashariki wa mto, lazima lionwe, pawe na msongamano au pasiwe. Ndani yake mna sanamu inayoheshimiwa kuliko zote nchini, Buddha wa Zumaridi, aliyechongwa katika jiwe la kijani na ambaye urefu wake haufiki hata mita moja. Mfalme ndiye humbadilishia vazi la dhahabu mara tatu kwa mwaka, majira yanapobadilika: joto, mvua na baridi. Mwendo mfupi kutoka hapo ni Wat Pho, penye Buddha aliyelala, urefu wa mita 46, nyayo zake zikiwa zimetiwa nakshi za lulumizi.

Lakini Wat Pho yenyewe ni mfano mzuri wa jinsi kundi kubwa linavyokosa mambo. Wengi huingia, wakapiga picha nyayo za Buddha, wakatoka. Wachache husimama mbele ya mabamba ya mawe yaliyoandikwa kwa amri ya Mfalme Rama wa Tatu katika miaka ya 1830, yakiwa na elimu ya tiba, ushairi, dini na utawala, ili yeyote ajuaye kusoma ajifunze bure. Miongoni mwayo mna michoro ya mwili wa binadamu inayoonyesha mishipa na sehemu za kukandwa. Ukandaji wa Kithai unaouzwa leo katika hoteli za dunia nzima una mizizi humo, na mwaka 2019 UNESCO iliuingiza katika orodha ya urithi usioshikika wa binadamu. Kuyaeleza mabamba hayo kunahitaji dakika ishirini za utulivu. Kundi la watu 40 wenye vipokea sauti masikioni halina dakika hizo, kwa sababu saa sita na nusu linatakiwa kwenye duka la vito.

Duka la vito ndilo siri ya bei nafuu. Ziara inapouzwa chini ya gharama yake, kuna mtu anayefidia pengo, na mara nyingi ni mwenye duka anayelipa kamisheni kwa kila mgeni anayeletwa. Mwaka 2016 serikali ya Thailand iliendesha msako mkali dhidi ya kampuni zilizokuwa zikileta wageni kwa bei ya kutupa na kuwakamua madukani. Mtindo huohuo upo kwa udogo barabarani: mtu mwenye tabasamu humweleza mgeni kwamba Kasri limefungwa leo, kisha humwitia bajaji ya kumzungusha kwa pesa kidogo mno. Mzunguko huo huishia kwa sonara. Mwenye kundi dogo na mwongozaji aliyelipwa vizuri hukwepa mtego huu. Ndiyo maana bei yake iko juu, na ni haki iwe juu.

Swali kubwa basi ni nani anaongoza. Kwa sheria za Thailand, kazi ya kuongoza watalii ni ya raia wa Thailand peke yao, na Sheria ya Biashara ya Utalii na Waongoza Watalii ya mwaka 2008 inamtaka kila mmoja awe na leseni na aivae kadi yake mahali panapoonekana. Sharti hilo limezaa ujanja wake. Baadhi ya kampuni huajiri Mthai mwenye kadi akae kimya mbele ya gari, huku mgeni asiye na kadi ndiye anayezungumza. Msafiri akiona anayeeleza hana kadi na mwenye kadi haelezi, ajue amenunua nusu ya bidhaa.

Mwongozaji mzuri hujulikana akifika Kudi Chin, mtaa wa zamani wa Thonburi, upande wa magharibi wa mto. Burma ilipoiteketeza Ayutthaya, mji mkuu wa Siam wakati huo, mwaka 1767, walionusurika walishuka na mto. Jemadari Taksin, aliyejitangaza mfalme, aliweka makao Thonburi na kuwagawia ardhi wale waliomuunga mkono. Wareno waliokuwa wameishi Ayutthaya kwa vizazi walipata kiwanja wakajenga Kanisa la Santa Cruz. Jengo linaloonekana sasa, lenye kuba, lilikamilika mwaka 1916. Waislamu nao waliweka makazi yao kwenye mfereji wa jirani na baadaye wakajenga msikiti wa Bang Luang, ambao mapaa na mapambo yake ni ya Kithai kiasi kwamba mgeni asiyeelezwa anaweza kuupita akidhani ni hekalu. Wachina wana nyumba yao ya ibada kandokando ya mto, Kian Un Keng, ya Guanyin, mungu wa kike wa huruma. Na Wabudha wana Wat Kalayanamit na Wat Prayun. Yote haya yako katika mtaa mmoja ambao mtu mzima huweza kuumaliza kwa miguu asubuhi moja, na bado akapata nafasi ya kukaa kunywa kitu.

Vichochoro vyake ni vyembamba. Watu wanaishi humo, nguo zimeanikwa, televisheni zinasikika, na paka wamejilaza kwenye vizingiti. Kundi la watu kumi likipita kwa sauti ya chini hupokewa kwa kichwa kinachoinamishwa kidogo. Kundi la 40 lingekuwa uvamizi.

Hapo ndipo inapopikwa keki ndogo iitwayo khanom farang, ya unga wa ngano, mayai ya bata na sukari, bila hamira. Asili yake ni ya Kireno. Zabibu kavu na tikiti lililokaushwa kwa sukari juu yake ni mchango wa Wachina. Kwa jiko la zamani huokwa makaa yakiwa chini na juu, namna ileile ambayo mpishi wa mkate wa kumimina wa Unguja au Lamu angeitambua bila kuelezwa. Familia zinazoendelea kuoka ni chache. Mayai na sukari vilikuwa pia silaha ya Maria Guyomar de Pinha, mwanamke wa Ayutthaya mwenye asili ya Kijapani na Kireno, ambaye wasimulizi wa Thailand humpa sifa ya kueneza vitamutamu vya nyuzi za dhahabu vinavyoliwa hadi sasa kwenye harusi. Mumewe, Mgiriki Constantine Phaulkon, alipanda hadi kuwa mtu wa karibu kabisa na Mfalme Narai, kisha akauawa katika mapinduzi ya mwaka 1688.

Katika uwanja wa Wat Prayun kuna ukumbusho wa mizinga mitatu ambao wengi huupita. Mwezi Januari 1837, kwenye sherehe za hekalu hilo, mzinga ulilipuka na kuua watu. Daktari mmishenari Mmarekani, Dan Beach Bradley, alimkata mkono mtawa aliyejeruhiwa ili kumwokoa, na tukio hilo huhesabiwa kuwa upasuaji wa kwanza wa kitabibu wa Kimagharibi nchini Siam. Mzao wa Sheikh, mtawa wa Kibudha na daktari Mkristo, wote katika uwanja mmoja. Hakuna kijitabu cha watalii kinachokuwa na nafasi ya kueleza hayo vizuri.

Baada ya Bangkok ziara nyingi huelekea Ayutthaya yenyewe, kilomita zipatazo 80 kuelekea kaskazini. Mji huo ulianzishwa mwaka 1350 kwenye kisiwa kilichozungukwa na mito mitatu, na magofu yake yako katika orodha ya Urithi wa Dunia tangu 1991. Picha inayotafutwa na kila mmoja ni kichwa cha Buddha kilichokumbatiwa na mizizi ya mti huko Wat Mahathat. Anayetaka kupigwa picha hapo hutakiwa achuchumae, kichwa chake kisizidi kile cha Buddha. Walinzi hawana mzaha na jambo hili.

Wageni wakiona safu za sanamu zisizo na vichwa huambiwa kwamba Waburma ndio waliovikata. Ni kweli kwa sehemu. Mwongozaji mkweli huongeza wezi na wanunuzi wa karne ya 20. Karibu na Wat Mahathat liko Wat Ratchaburana, lililojengwa mwaka 1424 na mfalme aliyerithi kiti baada ya kaka zake wawili kuuana wakipigana juu ya tembo. Mwaka 1957 wezi walichimba hadi chumba cha siri chini ya mnara wake na kutoka na dhahabu nyingi. Baadhi walikamatwa, Idara ya Sanaa ikaokoa kilichobaki, na hazina hiyo sasa imo katika Makumbusho ya Taifa ya Chao Sam Phraya, yaliyofunguliwa mwaka 1961. Chumba chenyewe hufikiwa kwa ngazi kali na nyembamba, na chini kuna michoro ya ukutani iliyofifia. Wanaingia wachache kwa zamu. Kwa kundi kubwa, mnara huo huelezwa kutoka nje, juani.

Adabu za hekaluni si ngumu. Viatu huachwa mlangoni. Mabega na magoti hufunikwa. Kanga moja kwenye mkoba mara nyingi humaliza tatizo hilo kwa mwanamke, na walinzi wa Kasri Kuu hukataa suruali zilizochanwa. Ukikaa, nyayo zielekee nyuma, zisimwelekee Buddha wala mtu. Mwanamke hamgusi mtawa, wala hampi kitu mkono kwa mkono. Mwislamu au Mkristo halazimishwi kusujudu wala kuwasha ubani. Kukaa kimya kwa heshima kunatosha. Kuhusu chakula, alama ya halali imeenea nchini, na mwongozaji akiarifiwa mapema hupanga mlo bila taabu.

Kuna pia maswali ambayo mwongozaji hatayajibu. Kifungu cha 112 cha sheria ya jinai humhukumu anayemtukana mfalme, malkia, mrithi wa kiti au kaimu wa mfalme kifungo cha miaka 3 hadi 15 kwa kila kosa. Mgeni mwenye udadisi juu ya siasa za kasri asimtie mwenzake matatani ndani ya gari, vitabu vipo.

Udogo wa kundi, hata hivyo, hautakasi kila kitu. Kaskazini, katika mkoa wa Mae Hong Son, baadhi ya ziara hupeleka watu kuwatazama wanawake wa Kikayan wanaovaa pete ndefu za shaba shingoni. Wengi wao ni wakimbizi kutoka Burma na watoto wao, na vijiji hivyo vimelaumiwa kwa miaka mingi kwa kugeuza maisha ya watu kuwa maonyesho ya kulipia kiingilio. Watu wanane wakilipa kumtazama mtu ni sawa na watu 40 wakilipa kumtazama. Kampuni inayoweka kituo hicho kwenye ratiba ifikiriwe mara mbili.

Kwa anayetoka Afrika Mashariki, kabla ya kulipa aiulize kampuni mambo matatu: idadi ya juu ya wageni katika kundi, jina la mwenye leseni atakayeongoza, na kama ratiba ina duka la vito. Jibu lenye kuzungukazunguka ni jibu tosha. Asinunue sanamu ya Buddha kwa kufikiria kuiweka sebuleni, maana kuitoa nje ya nchi kunahitaji kibali cha Idara ya Sanaa. Ajaze fomu ya kuingia nchini kwa njia ya intaneti, iliyoanza kutumika Mei 2025. Na asiisahau kadi ya chanjo ya homa ya manjano, kwani Thailand huidai kwa wasafiri wanaotoka Kenya, Tanzania, Uganda na nchi nyingine za ukanda huu.