Lugha ya Kosa na Lugha ya Hukumu: Mfano wa Kuresoi

1. Utangulizi

Kila jamii ina njia zake za kutambua kosa, kumhukumu aliyelitenda na kurudisha utulivu uliovunjika. Njia hizo zimechunguzwa zaidi na wanasheria na wanahistoria. Wataalamu wa lugha wamewaachia kazi hiyo, kana kwamba lugha ni chombo tu cha kuelezea kosa ambalo limekwisha kujulikana. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba mambo hayako hivyo. Kosa halifiki mbele ya hakimu mpaka lipewe jina, na jina hilo hutoka katika lugha ya watu fulani wenye mawazo yao juu ya haki. Mwenye uwezo wa kulipa tendo jina huwa amekwisha kuamua nusu ya hukumu.

Mfano uliochaguliwa ni Kuresoi, nchi ya baridi iliyo kwenye miteremko ya Mau, magharibi ya mji wa Nakuru, pamoja na Olenguruone, Keringet na Tinet. Hapo wanaishi Wakipsigis, Waogiek, Wagikuyu, Wakisii na wengine, na Kiswahili ndiyo lugha yao ya kukutania. Katika muda wa miaka mia moja hivi, mashauri makubwa matatu yaliyowahusu watu wa miteremko hiyo yametegemea maana ya maneno. Kabla ya kuyaeleza, inafaa kutazama jinsi suala hili lilivyojitokeza kwingineko.

2. Mfano wa Ufaransa

Mwezi wa Agosti 1539 Mfalme Francis wa Kwanza wa Ufaransa alitoa Amri ya Villers-Cotterêts. Pamoja na mambo mengine, amri hiyo iliagiza kwamba hukumu na hati zote za mahakama ziandikwe kwa Kifaransa badala ya Kilatini, ili pasiwe na shaka juu ya maana yake. Nia iliyotajwa ilikuwa njema, lakini wakulima wengi wa majimbo ya kusini walisema Kioksitani, na wa magharibi walisema Kibretoni. Kwao Kifaransa kilikuwa kigeni karibu sawa na Kilatini. Mshitakiwa wa kusini aliweza kuulizwa na kujibu kwa lugha ya kijijini, na karani akayaandika maneno yake kwa Kifaransa. Karatasi ndiyo iliyohukumiwa. Amri kubwa ya jinai ya mwaka 1670 iliukaza utaratibu huo: mashahidi walihojiwa kwa siri, na katika makosa mengi mshitakiwa alijibu peke yake bila wakili.

Hata hivyo, wanahistoria wameonyesha kwamba sehemu kubwa ya ugomvi wa vijijini haikufika kabisa mbele ya mahakimu wa mfalme. Watu walipatanishwa na padri, na bwana wa shamba au na mwandishi wa hati, fidia ikalipwa na majirani wakaendelea kuishi pamoja. Kwa hiyo palikuwa na haki za namna mbili: moja iliyonenwa katika lugha ya mahali na kutafuta suluhu, na nyingine iliyoandikwa katika lugha ya dola na kutafuta adhabu. Mgawanyiko wa namna hii unaonekana vilevile katika Kuresoi.

3. Kokwet na msamiati wa suluhu

Miongoni mwa Wakipsigis, neno kokwet lina maana mbili zisizotengana: ni ujirani, yaani kaya zinazokaa pamoja, na ni mkutano wa wakazi hao wanapoketi kuamua jambo. Shauri lilisikilizwa hadharani. Wazee, ambao huitwa boisiek, walisema mmoja baada ya mwingine mpaka maneno yakakutana. Mzee mwenye sifa ya busara katika mashauri aliitwa kiruogindet. Tafsiri ya kawaida ya jina hilo ni hakimu, lakini tafsiri hiyo inapotosha, kwa sababu kazi ya kiruogindet ilikuwa kushauri na kuyakusanya maneno ya wote, wala hakuwa na askari wa kumtekelezea amri. Nguvu iliyobaki nyuma ya maneno yake ilikuwa aibu mbele ya majirani na, jambo likishindikana, laana, yaani chubisiet.

Kiswahili nacho kina msamiati wa tabaka mbalimbali. Kosa ni neno la Kibantu lenye uhusiano na kukosa, yaani kupungukiwa au kutofikia lengo. Aliyekosa anaweza kutengeneza alipopungukiwa. Hatia, jinai, hukumu, hakimu, shahidi na sheria yametoka katika Kiarabu. Korti, faini na jela yametoka katika Kiingereza, na gereza katika neno la Kireno lenye maana ya kanisa. Msemaji wa Kiswahili anaposema kwamba jirani yake amekosa, anaacha mlango wa suluhu wazi. Anaposema kwamba jirani ametenda jinai, suala limekwisha kutoka mikononi mwa majirani na kuwa la serikali. Tofauti hiyo haikuletwa na kamusi. Imeletwa na historia ya vyombo vilivyoyatumia maneno hayo.

4. Wizi, luket na neno laibon

Utawala wa Kiingereza ulipowagawia walowezi mashamba katika nyanda za juu, Wakipsigis walijikuta wamepakana na makundi makubwa ya ng'ombe wa wageni. Katika lugha yao, kuchukua mali ya jirani kwa siri na kwenda kuteka mifugo ya watu wa nje yalikuwa matendo mawili. La pili liliitwa luket, nalo lilikuwa na taratibu zake na heshima yake. Mahakama ya kikoloni ilikuwa na jina moja tu, wizi wa mifugo. Sheria ya mwaka 1913 ililiwekea kosa hilo faini ya mara kumi ya thamani ya mnyama aliyeibwa, na mzigo uliweza kuwaangukia ndugu na majirani. Tayari mwaka 1909 palikuwa na sheria ya adhabu ya pamoja. Jambo la kuzingatia ni kwamba wajibu wa ukoo, ambao katika kokwet ulikuwa msingi wa fidia na upatanisho, uligeuzwa kuwa msingi wa adhabu. Umbo lilibaki, maana ikageuka.

Wizi ulipozidi, maofisa waliwatupia lawama watu wa ukoo wa Talai, ambao miongoni mwao walitoka waonaji walioitwa orkoik, umoja wake orkoiyot. Mwaka 1934 ilitungwa sheria ya kuwaondoa, na familia zao zikahamishwa kutoka Kericho hadi Gwassi, karibu na Ziwa Viktoria, ambako wengi walikaa mpaka karibu na uhuru. Sheria hiyo haikutumia neno la Kikipsigis. Ilitumia laibon, neno lililotokana na Kimaasai. Hivyo watu wa lugha moja walihamishwa chini ya jina lililoazimwa kutoka lugha nyingine, na jina hilo likawafunika wote, wazee kwa watoto, waliotuhumiwa na wasiotuhumiwa. Hakuna aliyehitaji kuthibitishiwa kosa lake mwenyewe, kwa kuwa kosa lilikuwa katika jina.

5. Olenguruone, 1941–1950

Shauri la pili lilihusu ardhi. Mwaka 1941 serikali ilianzisha makazi ya Olenguruone na kuwapeleka huko Wagikuyu waliokuwa wakiishi katika nchi ya Wamaasai, kama vile Melili. Mara tu baadaye zilitolewa kanuni zilizoeleza jinsi mashamba yatakavyolimwa, mifugo itakayofugwa na namna ya kurithi, na wakazi wakatakiwa kuzikubali kama sharti la kukaa. Wengi walikataa.

Chanzo cha mgogoro kilikuwa tofauti ya maneno. Serikali iliwaona wakazi hao kuwa watu waliopewa ruhusa ya kutumia ardhi ya serikali kwa masharti. Wao walidai kwamba Olenguruone walipewa kuwa fidia ya ardhi waliyopoteza Kiambu, kwa hiyo ilikuwa githaka yao, yaani ardhi ya ukoo ambayo mwenyewe huigawia wanawe bila kuomba ruhusa. Kukubali kanuni kulikuwa sawa na kukubali kuitwa ahoi, yaani watu wa kuomba ardhi ya mwingine. Mbele ya mahakama suala likawa dogo sana: je, kanuni zimevunjwa au hazikuvunjwa? Kwa swali hilo jibu lilikuwa rahisi. Swali ambalo wakazi walitaka liulizwe, ardhi hii ni ya nani, halikuwa na jina katika hati ya mashitaka.

Kwa kukosa mahali pa kulisemea, walitumia chombo kingine cha haki, nacho ni kiapo, ambacho kwa Kigikuyu huitwa muma. Kwa desturi kiapo kizito kiliapwa na watu wazima wenye shauri, ili kuthibitisha ukweli. Kuanzia mwaka 1943 au 1944 watu wa Olenguruone waliapa wote, wanaume kwa wanawake na hata watoto, kiapo cha umoja. Wanahistoria, kama vile Tabitha Kanogo, wamekiona kiapo hicho kuwa hatua muhimu kuelekea viapo vya umma vya Mau Mau. Serikali ilikipa jina la uasi. Kufikia mwaka 1950 wakazi waliondolewa kwa nguvu na wengi wakapelekwa Yatta, katika nchi kame ya Ukambani. Mwaka huohuo, mwezi wa Agosti, Mau Mau ilipigwa marufuku. Neno muma, ambalo lilikuwa la kuthibitishia kweli barazani, likawa jina la jinai.

6. Tinet na jina la Waogiek

Shauri la tatu ni la Waogiek, wakazi wa misitu ya Mau tangu kale. Kwa muda mrefu maandishi ya serikali yaliwaita Dorobo, neno lililotokana na Kimaasai lenye maana ya watu maskini wasio na ng'ombe. Tume ya Ardhi ya Kenya, ambayo taarifa yake ilitoka mwaka 1934, ilipendekeza kwamba watu hao waingizwe katika makabila jirani. Waliopewa jina la ukosefu hawakuonekana kuwa na kitu cha kupoteza.

Mwezi wa Machi 2000 Mahakama Kuu ya Kenya iliamua shauri la Waogiek wa Tinet waliopinga kufukuzwa msituni. Walishindwa. Moja ya hoja za mahakama ilikuwa kwamba walikwisha kubadili maisha yao na kulima kama watu wengine. Lakini tarehe 26 Mei 2017 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao yake Arusha, iliamua kwamba Kenya ilivunja haki za Waogiek wa Mau, zikiwamo za ardhi, dini na utamaduni. Tarehe 23 Juni 2022 mahakama hiyo iliamuru walipwe fidia ya shilingi za Kenya 57,850,000 kwa hasara ya mali na 100,000,000 kwa madhara mengine. Kwa wataalamu wa lugha kuna jambo la ziada: amri hiyo ilitaka pia lugha ya Kiogiek itambuliwe kikamilifu. Hapa lugha yenyewe imehesabiwa kuwa sehemu ya haki iliyopotea.

7. Maneno na umwagaji wa damu

Haifai kudhani kwamba lugha za mahali daima ni za suluhu na lugha ya dola daima ni ya adhabu. Kuresoi na Molo zilikumbwa na mapigano mwaka 1992, na tena mwaka 2007, hata kabla ya uchaguzi wa Desemba. Katika nyakati za uchaguzi majirani waliitwa madoadoa, kana kwamba ni uchafu kwenye nguo. Neno hilo ni la Kiswahili safi, lenye mnyambuliko wa kawaida, na halina kosa lolote la sarufi. Lililowafanyia watu ni lilelile lililofanywa na laibon na Dorobo: liliwaweka wengi chini ya jina moja na kuwahukumu bila kuwasikiliza. Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Taifa ya mwaka 2008 iliifanya kauli ya chuki kuwa jinai, na mwaka 2022 tume iliyoundwa kwa sheria hiyo ililitaja madoadoa katika orodha ya maneno ya kuepukwa. Lakini orodha haiwezi kumaliza uwezo wa lugha kuzaa neno jingine.

8. Hitimisho

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 imezikaribisha haki zote mbili chini ya paa moja. Kifungu cha 159 kinaagiza mahakama zikuze njia za upatanisho, zikiwamo za jadi, mradi zisivunje haki za binadamu. Kifungu cha 50 kinampa mshitakiwa asiyeelewa lugha ya mahakama haki ya mkalimani bila malipo. Mwaka 2013 Mahakama Kuu mjini Nairobi ilikubali shitaka la mauaji liondolewe baada ya familia mbili kupatana, ingawa katika mashauri mengine mahakama zimekataa jambo hilo.

Swali linalobaki ni la kitaalamu. Mkalimani atakayetafsiri kiruogindet kuwa hakimu, luket kuwa wizi, au muma kuwa uasi, atakuwa ametoa hukumu kabla ya hakimu kufungua kinywa. Hapana budi basi kwamba istilahi za mashauri katika Kikipsigis, Kiogiek, Kigikuyu na Ekegusii zikusanywe, zielezwe kwa Kiswahili kwa kufuata matumizi yake halisi, na wakalimani wafundishwe kuitunza tofauti iliyomo. Kazi hiyo ni ya idara za lugha. Wazee wanaoijua lugha ya kokwet wanapungua kila mwaka, na mashauri ya ardhi ya Mau bado yanasikilizwa.